Mshahara wa serikali umekwama: uanze na barua, Tume, CMA au Mahakama Kuu?

Ndugu zangu, hii nawaandikia watumishi wenzangu wa huku Kigoma na wa Tabora, maana haupiti mwezi bila mtu kunipigia simu, sista, mshahara haujaingia mwezi wa tatu huu, nimeshapata wakili tunaenda mahakamani. Mi swali langu la kwanza huwa ni hilohilo, una barua gani yenye mhuri wa masjala, ile ofisi inayopokea barua? Hapo anakaa kimya. Kaongea na afisa utumishi kwenye korido, kapiga simu, kaambiwa subiri mwezi ujao, karatasi hana hata moja. Sasa mtu wa hivyo hata umpeleke Mahakama Kuu kesho asubuhi, atarudishwa.

Njia zipo nne kubwa na nitaziweka pembeni pembeni ili uone ipi inakufaa wewe, kwa sababu anayedai miezi saba kwa ajili ya uhamisho siyo sawa na aliyefukuzwa, na wote hao siyo sawa na kijana anayefanya kazi kwenye shirika kule kambi ya wakimbizi Nyarugusu. Njia ya kwanza ni kudai malimbikizo, yani mishahara ya nyuma ambayo hujalipwa, kwa mwajiri mwenyewe. Ya pili Tume ya Utumishi wa Umma. Ya tatu CMA, yani Tume ya Usuluhishi na Uamuzi. Ya nne Mahakama Kuu, ambayo nayo ina milango miwili na watu wanaichanganya sana.

Nianze na ya kwangu ili ujue naongelea nini. Mimi ni muuguzi. 2021 nilihama kutoka halmashauri moja upande wa Tabora nikaja huku, uhamisho halali, barua ninayo, nikaripoti, nikapangiwa zahanati, nikaanza kukesha leba kama kawaida. Mwezi wa kwanza mshahara haukuja nikasema labda ni mfumo. Mwezi wa pili nikaenda kwa wakala pale Mwanga kuangalia salio, yule kijana wala hakunitajia kwa sauti, akanigeuzia kimashine nisome mwenyewe, mia nane na sitini. Kule nilikotoka walishanitoa, huku nilikokuja hawajaniingiza, kwa hiyo kazini nipo lakini kwenye mfumo wa mishahara sipo popote. Miezi saba hiyo. Na mkopo wa benki wao hawajui habari ya uhamisho, riba inatembea tu.

Kipindi hichohicho kuna mwenzangu wa idara nyingine naye alikatiwa mshahara, yeye hakutaka mambo ya barua, akaenda moja kwa moja CMA. Na nina shemeji yangu Tabora yeye alisimamishwa kazi akawa kwenye nusu mshahara, halafu akafukuzwa kabisa, akapita Tume. Kwa hiyo njia hizi nimezionea kwa watu, mafaili yao nimeyashika mkononi.

Tuanze na muda, maana muda ndo unaoua madai mengi kuliko kukosa haki. CMA kwa madai kama ya mshahara unatakiwa upeleke ndani ya siku 60 tangu mgogoro uanze, na kama umeachishwa kazi ni siku 30 tu. Rufaa Tume ya Utumishi ni siku 45 tangu upate uamuzi unaoukatia rufaa. Mapitio ya mahakama, ule mlango wa Mahakama Kuu wa kuomba ofisa wa serikali alazimishwe kutimiza wajibu wake au uamuzi wake ufutwe, kibali unaomba ndani ya miezi 6. Kesi ya kawaida ya madai inayotokana na mkataba ni miaka 6, lakini ukiishtaki serikali lazima kwanza utoe notisi ya siku 90. Njia ya barua kwa mwajiri ndiyo haina saa ya ukutani, na hapo ndo mtego ulipo, kwa sababu wewe unasubiri jibu huku saa za njia nyingine zinatembea. Usije ukasema nilikuwa naahidiwa, nenda rudi za korido hazisimamishi siku.

Sasa kwa nini nasema mwenzangu wa CMA alipotea? Kabla ya 2016 watumishi wa umma wengi walikuwa wanaenda CMA na mambo yanasikilizwa. 2016 Sheria ya Utumishi wa Umma ikafanyiwa marekebisho kikaongezwa kifungu cha 32A, kinasema mtumishi wa umma kabla hajaenda kutafuta nafuu kwenye sheria za kazi amalize kwanza njia zote zilizomo kwenye hiyo sheria ya utumishi. Watu wakaendelea kubishana, mtumishi wa halmashauri sawa, je wa shirika la umma? 2022 Mahakama ya Rufani kwenye shauri la mfanyakazi wa Shirika la Posta ikasema wazi CMA haina mamlaka ya kusikiliza mgogoro wa mtumishi wa umma, na wa mashirika ya umma wamo humohumo. Mwenzangu alifungua siku ya hamsini na kitu, akajiona yuko ndani ya muda, usuluhishi ukashindikana, uamuzi ukaja akashinda, nakumbuka alileta soda kazini. Mwajiri akaenda Mahakama Kuu kuomba marejeo, na huko hawakugusa hata swali la kama anadai au hadai, wakauliza CMA ilipata wapi mamlaka. Wakafuta vyote, kuanzia mwanzo mpaka tuzo, yani ule uamuzi wa CMA aliokuwa ameshinda. Hapo miaka miwili na ushee imeshaenda, siku 45 za Tume zilishaisha zamani, sasa inabidi aanze kuomba aongezewe muda na aeleze kila siku aliyochelewa.

Kwa hiyo CMA mbaya? Hapana, tena kwa mtu wake ni mlango mzuri kuliko yote. Ada hakuna, fomu ni CMA F1 unajaza hata bila wakili, msuluhishi ana siku 30 za kujaribu kuwapatanisha, na kwenye mashauri ya kazi kwa kawaida ukishindwa hutwishwi gharama za mwenzio labda kama uliwasumbua watu bure. Lakini mtu wake ni nani? Ni aliyeajiriwa na sekta binafsi. Huku kwetu hili linachanganya sana kwa sababu ya makambi ya wakimbizi kama Nyarugusu. Kuna manesi, walimu, madereva wanafanya kazi humo na wanajiita wa serikali kwa vile wanashirikiana na wilaya, au yuko hospitali ya serikali lakini mkataba wake ni wa mradi wa shirika fulani. Angalia mkataba, nani amesaini kama mwajiri. Akiwa ni shirika lisilo la kiserikali wewe ni wa CMA na una siku 60, usipoteze wiki tatu kumwandikia mkurugenzi wa halmashauri ambaye hajawahi kukuajiri. Na kinyume chake pia, ukiwa na cheki namba na ajira ya kudumu serikalini, hata kama ofisi ya CMA iko mjini hapohapo na wanakupokea vizuri, siyo kwako kwa kuanzia.

Nirudi kwenye barua kwa mwajiri, hapa nitakaa kidogo kwa sababu ndiyo njia watu wanaidharau na kwangu ndiyo iliyoleta hela. Kwanza tofautisha unadai nini. Mshahara wenyewe unalipwa na Hazina kupitia mfumo, kwa hiyo malimbikizo ya mshahara halmashauri yako inayaandaa na kuyathibitisha tu, hela inatoka juu baada ya Ofisi ya Rais Utumishi na Hazina kuhakiki. Posho ya kujikimu, hela ya uhamisho, nauli ya likizo, hizo ni madeni yasiyo ya mshahara na anayelipa ni mwajiri wako kwenye bajeti yake. Watu wanaandika barua moja wanachanganya vyote humo, inakaa mezani kwa sababu hakuna mtu mmoja wa kuijibu yote. Mi nilikosea hivyohivyo mara ya kwanza. Ya pili nikazitenganisha.

Barua yenyewe iandike kwa mkurugenzi, ipitie kwa mkuu wako wa kazi naye aweke sahihi, ambatisha barua ya ajira, ya uhamisho, ya kuripoti, slipu ya mwisho uliyolipwa, na karatasi moja uliyochora mwenyewe kwa rula, mwezi, kiasi ulichotakiwa kulipwa, kiasi ulichopata, baki. Karatasi hiyo ndiyo niliona mkaguzi wa ndani anaishika kwanza kabla ya vingine vyote. Peleka nakala mbili masjala. Moja wanabaki nayo, ya pili unaondoka nayo imegongwa mhuri wa KUPOKELEWA, tarehe inasomeka, na mama wa masjala ameandika namba ya folio kwa peni pembeni. Kama mhuri wino umekauka tarehe haionekani mwambie agonge tena, usione aibu. Mimi ule mhuri wangu wa kwanza ulikuwa hafifu nikaurudia, na huo ndo uliokuja kuulizwa baadaye. Wa vijiji vya ziwani huko ambao kufika mjini mpaka upande boti, msimpe mtu barua akupelekee bila dispachi, aende na daftari, apokelewe na sahihi.

Na kwenye barua weka mwisho omba ujibiwe kwa maandishi. Siyo ukorofi. Ukijibiwa kwa maandishi kwamba hudai, au unadai nusu, huo sasa ni uamuzi, na uamuzi ndio unaokufungulia mlango wa Tume. Bila hiyo karatasi Tume watakuuliza unakata rufaa dhidi ya nini?

Ubaya wa njia hii? Taratibu. Mi nilirudishwa kwenye mfumo mwezi wa nane, lakini ile miezi saba ya nyuma nimekuja kulipwa baada ya mwaka na miezi, imeingia yote siku moja kwenye slipu, na riba hakuna hata senti, wala fidia ya usumbufu wa benki. Mwajiri hawezi kukupa hivyo vitu hata akitaka. Kama unachotaka ni hela yako tu irudi na unaendelea na kazi, nasema kwa moyo wote anza hapa. Kama umeumizwa zaidi ya hapo, nyumba imeuzwa au umefukuzwa, hii ni hatua ya kukusanya karatasi tu, siyo mwisho.

Tume ya Utumishi wa Umma sasa. Hii inamfaa zaidi aliyepewa uamuzi, hasa wa nidhamu, na mshahara wake umeondoka na uamuzi huo. Shemeji alisimamishwa akawa analipwa nusu mshahara kama utaratibu unavyoruhusu, mashtaka ya nidhamu yakaendeshwa, akafukuzwa. Watu walimwambia dai ile nusu mahakamani. Hapana, nusu ile inafuata hatima ya mashtaka, yasipothibitika unarudishiwa nusu yako iliyobaki, yakithibitika hiyo habari imeisha. Kwa hiyo kinachotakiwa kupiganiwa ni uamuzi wa kufukuzwa wenyewe. Akaandika rufaa ndani ya siku 45, nakala kwa mamlaka ya nidhamu iliyomfukuza, hailipiwi ada, hoja zake akaziandika mwenyewe kurasa nne kwa msaada wa katibu wa chama cha wafanyakazi. Hoja iliyombeba ni kwamba kamati ya uchunguzi haikumpa nafasi ya kuwahoji mashahidi. Utaratibu tu. Tume wakabatilisha kufukuzwa kwake.

Walimu mna tume yenu, Tume ya Utumishi wa Walimu, ilianzishwa kwa sheria ya 2015 na ina ofisi wilayani, kwa hiyo mambo ya nidhamu yenu yanaanzia huko, msipande ngazi isiyo yenu. Na asiyeridhika na Tume ya Utumishi wa Umma anaweza kukata rufaa kwa Rais, hiyo nayo imo kwenye sheria, kwa hiyo mahakama ikiuliza umemaliza njia zote inaulizia na hatua hiyo.

Ukilinganisha Tume na barua, Tume ina meno zaidi kwa sababu uamuzi wake unamfunga mwajiri wako, lakini hailipi hela. Shemeji alirudishwa kazini, malimbikizo akaambiwa aandike barua. Akaandika. Miezi ikapita. Hapo ndipo akaingia mlango wa nne.

Mahakama Kuu. Kwanza elewa ukiishtaki serikali, na siku hizi halmashauri, wakala na mashirika ya umma yako humo baada ya marekebisho ya 2020, kesi inafunguliwa Mahakama Kuu peke yake, hata kama unadai laki nane. Usiende mahakama ya wilaya kwa vile ni karibu. Zamani wa Kigoma tulikuwa tunapanda treni kwenda Tabora kwa mashauri haya, sasa Mahakama Kuu Kigoma ipo, hilo limetupunguzia. Pili, notisi ya siku 90 kwa unayemdai, nakala kwa Mwanasheria Mkuu wa Serikali na Wakili Mkuu wa Serikali, ukieleza unadai nini na kwa msingi gani. Tatu, siku zikiisha unafungua kesi na Mwanasheria Mkuu lazima aunganishwe kama mdaiwa, usipomuunganisha shauri lote linakufa. Mtu anaweza kuwa na madai safi kabisa akaangushwa na jina moja lililokosekana ukurasa wa kwanza.

Huku ndiko unakoweza kuomba riba na fidia juu ya mshahara wenyewe. Lakini kuna ada, kuna wakili, na ukishindwa unaweza kuamriwa ulipe gharama za upande wa pili, tofauti na CMA. Na ukishinda usiote dalali wa mahakama anakamata Land Cruiser ya mkurugenzi, mali ya serikali haikamatwi hivyo. Unapata hati ya mahakama inayoonyesha kiasi unachodai, inapelekwa kwa wanaohusika na malipo, unasubiri tena. Na kitu kingine, ukiruka moja kwa moja kuja hapa bila kupita kwa mwajiri na Tume, mawakili wa serikali watasimama siku ya kwanza na pingamizi la awali la 32A, nimelisikia hilo pingamizi kwa masikio yangu.

Mlango wa pili wa Mahakama Kuu, mapitio, huu unamfaa mtu ambaye hakuna ubishi kwamba anadai, Tume imeshasema arudishwe, mwajiri hatekelezi tu. Huombi fidia kubwa, unaomba amri ya kumlazimisha atimize. Ni mfupi kuliko kesi ya madai kwa sababu unaendeshwa kwa viapo na nyaraka, lakini ile miezi 6 ya kuomba kibali haina huruma. Ukitaka hela na riba chukua mlango wa madai, ukitaka utekelezaji wa uamuzi uliokwishapatikana chukua huu.

Shemeji hakufika kote huko. Alitoa notisi ya siku 90 iliyoandikwa vizuri, imeambatishwa uamuzi wa Tume, barua zake tatu zenye mihuri na jedwali la miezi. Siku ya sabini na ngapi akapigiwa simu na ofisi ileile iliyokuwa inamwambia subiri, njoo ujaze fomu za malimbikizo. Mimi naamini notisi ni silaha inayodharauliwa, kwa sababu ikitua kwa mwanasheria wa halmashauri inabidi aitolee maelezo juu, na faili lako linatoka chini ya meza lina mtu wa kulijibia. Ila notisi tupu bila karatasi nyuma yake inasomwa kama vitisho.

Kwa hiyo ukiniuliza mimi. Uko kazini, mshahara haujaingia kwa sababu ya uhamisho, kupandishwa daraja au mfumo, anza na barua leo, rudia baada ya mwezi, ya tatu peleka nakala kwa Katibu Tawala Mkoa, usiguse mahakama mwaka huu kama bado wanakujibu. Umefukuzwa au umeandikiwa kwamba hudai, hesabu siku 45 kuanzia tarehe uliyosaini kupokea, nenda Tume, na andika hiyo tarehe ukutani. Uko kwenye shirika lisilo la kiserikali au kampuni binafsi, CMA ndani ya siku 60, au 30 kama umeachishwa kazi. Una uamuzi mkononi na hawalipi, notisi ya siku 90 kwa upande wa hela au kibali cha mapitio kwa upande wa utekelezaji, na hapo tafuta wakili wa kweli, siyo yule anayeandika nyaraka nje ya stesheneri. Kama huna uwezo wa wakili, Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 ipo, wasaidizi wa kisheria wapo wilayani na ile kampeni ya Mama Samia ya msaada wa kisheria ilipopita watu walisikilizwa bure, ulizia ofisi ya ustawi wa jamii wakuelekeze. Chama chako cha wafanyakazi pia, unakatwa asilimia kila mwezi, waulize mwanasheria wao yuko wapi.

Yule mwenzangu wa CMA sasa hivi ndo anaandaa maombi ya kuongezewa muda. Jumamosi iliyopita tulikaa kwake Gungu kuanzia saa nne, tumetandaza makaratasi kwenye mkeka tunayapanga kwa tarehe, na barua aliyokuwa anaitafuta sana, ile ya kwanza kabisa aliyompelekea mwajiri, tukaipata ndani ya kitabu cha kliniki cha mtoto wake. Ina sahihi yake, ina tarehe. Mhuri haina.